Ulimboka Lupakisyo, Aliyeitwa Optatus

Baba Katekista, ndugu, jamaa na majirani wa Mikumi, mimi ni Tumwagile Lupakisyo, mdogo wake marehemu, na kwa niaba ya familia nawasomea maisha ya kaka yangu, ambaye wengi wenu mlimfahamu kama Optatus Kasiani, jina ambalo halikuwa lake.

Marehemu alizaliwa tarehe 12 Machi 1961 huko Kimamba, Kilosa, akiwa mtoto wa kwanza wa mzee Lupakisyo, aliyetoka Tukuyu kuja kukata mkonge, na alipewa jina la babu yetu, Ulimboka, ili babu asipotee ugenini.

Alianza shule mwaka 1969 na kumaliza darasa la saba mwaka 1975, lakini hakuchaguliwa kwenda sekondari, na baba, kama wazazi wengi wa enzi zile, akaamua arudie kwa jina la mtu, hivyo Januari 1976 alimpeleka shule nyingine katika kijiji cha Ulaya, hukohuko Kilosa, darasa la sita, katika nafasi ya mtoto aliyeacha masomo baada ya kufiwa na baba yake, mzee Kasiani. Mtoto huyo ndiye Optatus. Mama yake alipewa debe la mahindi, na mtoto mwenyewe hakuulizwa.

Kaka yangu alifaulu, akasoma sekondari Morogoro kuanzia 1978 hadi 1981, akapita jeshi la kujenga taifa, na Februari 1983 akaajiriwa kuwa karani wa shirika moja la umma hapa wilayani. Mwenye jina alipotaka kurudi shule mwaka 1979 aliambiwa kwamba Optatus Kasiani yuko kidato cha pili, asiwasumbue watu, akaenda Kidodi kukata miwa, na mpaka leo anakata.

Tarehe 4 Oktoba 1986 marehemu alifunga ndoa na wifi yangu Hildegarda, wakajaliwa watoto wawili, Beda na Bernadetha, na baba alipoomba angalau mjukuu mmoja aitwe Lupakisyo, marehemu alikataa, akisema ofisini wangeanza kuulizana, nasi tukanyamaza, maana mshahara wake ndio uliotuvisha. Baba alifariki Mei 1991, wakubwa wa ofisi ya kaka wakaja msibani kumuaga kama mkata mkonge wa zamani, na katika historia kama hii, niliyoisoma mimi kwa mdomo huu huu, jina la Ulimboka sikulitaja miongoni mwa watoto, kaka akaketi na wageni, akatoa rambirambi kama mtu baki, akamzika baba yake macho makavu. Sijajisamehe.

Juni 1995 shirika lilibinafsishwa, ikasomwa orodha ya wanaopunguzwa kazini, na Optatus Kasiani alikuwa wa tatu. La kuvunda halina ubani. Akahamia hapa Mikumi, akafungua genge kando ya barabara kuu, nanyi mkamwita Opta, naye akaitika.

Aliugua ini tangu Novemba 1997, akalazwa mara tatu, na siku za mwisho nesi alipoita Optatus hakugeuka, mpaka nilipomwita kwa jina la babu, akafariki tarehe 3 Agosti 1998, akiwa na miaka thelathini na saba.

Kibali cha mazishi kimeandikwa Optatus Kasiani, na watoto wameniomba msalaba nao uandikwe hivyo, kwa kuwa ndilo jina la baba lililo kwenye vyeti vyao, ninawaelewa, lakini mimi shangazi yao nimekataa, kwa sababu Optatus Kasiani yuko hapa, amefika asubuhi kutoka Kidodi, na ndiye aliyeshika koleo kuchimba kaburi hili. Tulimnyima shule, hatuwezi tena kumzika akiwa hai.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani mliopika na kuchota maji, wafanyakazi wenzake wawili waliokumbuka kuja, na wewe, kaka Optatus, ambaye hatuna neno la kukuambia likatosha.

Ulimboka, mwana wa kwanza wa Lupakisyo, leo nimekutaja mbele za watu, wakati huwezi tena kuitika, pumzika kwa amani.