Kinanda cha Hazel Kruger

Benchi la nje ya duka la baba la kinyozi, hapa Iowa kwenye mahindi hadi upeo wa macho, lina mahakimu watatu. Jaji, aliyewahi kuwa mzee wa baraza katika kesi ya nguruwe. Redio, ambaye hazimiki. Na Shemasi, ambaye ni shemasi kweli, Mungu atusamehe. Mimi nikirudi likizo kutoka chuo huwa mshika birika la kahawa. Asubuhi hiyo mshtakiwa alikuwa Hazel Kruger. Alikwenda California kuigiza, amerudi na sanduku moja, na ameomba kazi ya kupiga kinanda kanisani, maana kwingine kote amefungiwa mlango. Kosa lake ni kuigiza katika ile sinema chafu ya mwaka juzi, iliyoletwa na bwana mmoja wa kupitapita na mikebe yake ya filamu, akakodi ukumbi: wanaume watu wazima tu.

— Haba na haba hujaza kibaba, Jaji alisema. Kaanza kuvua soksi.

— Akamalizia mtoni, kama alivyozaliwa, Redio akadakia. Nywele zimepakwa dhahabu. Nasikia.

— Hata mimi nasikia tu, Shemasi akawahi.

Wote walikuwa wamesikia. Usiku ule wa sinema, waulize wake zao, Jaji alikuwa zizini na ng'ombe mgonjwa, Redio alikuwa akiumwa jino, na Shemasi alikuwa akiuombea mji.

Redio akaapa kwamba bangi aliyovuta Hazel mle sinemani ilikuwa bangi kweli. Jaji akamzidi: filamu zile hulipiwa na Warusi, wanaume wa Iowa walegee, mahindi yaozee shambani. Shemasi akawashinda wote. Vidole vile vikigusa kinanda, alisema, uchafu utapita kwenye nyaya, utoke na sauti, uwaingie wanakwaya mapafuni.

— Na lile baka la bega la kushoto, akaongeza kwa huzuni. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu.

Nilikuwa nimeshafungua mdomo. Akaniwahi mchungaji mpya, kijana aliyefika juzi, aliyekuwa pembeni akingoja kunyolewa. Uamuzi wa kinanda ni wake.

— Samahanini, wazee wangu. Jina lake lilikuwa kwenye bango?

— Jina? Wapi, Jaji akacheka. Hawa hawaandikwi hata majina.

— Na hapa nywele zake ni nyeusi.

— Tii kama lami, Redio akasema.

— Sasa mlimtambuaje?

Jaji akachungulia kikombe chake. Redio, kwa mara ya kwanza tangu nizaliwe, akazima. Shemasi akaanza kukohoa, akakohoa hadi akachoka.

Mchungaji akainuka na ndevu zake vilevile, akaniuliza mimi nyumba ya akina Kruger ni ipi. Nikamwonyesha.

— Binti, Shemasi akaninyooshea kikombe, hebu tuongeze kidogo.

Birika lilikuwa bado zito kwa kahawa mkononi mwangu.

— Imekwisha, nikasema.