Mumiani Anayeomba Kuchekwa

Jumapili asubuhi, kwenye benchi la mzee Mwinshehe muuza kahawa, Chang'ombe, Romani aliketi amepakata kamera ya filamu aliyoazimwa na mwenzake wa kiwandani, nayo ilitakiwa irudi jioni ile ile. Kinyago cha mumiani, mnyonya damu anayewafungisha watu milango kabla ya magharibi, alikwisha kukichonga kwa mkono wake, nacho kilikuwa miguuni pake. Kilichosalia ni kisa kifupi cha kuchekesha cha kuigiza mbele ya kamera, na Romani aliapa hatainuka pale bila kisa.

— Mumiani wetu awe mwoga wa damu, alisema. Akiiona tu, anazimia.

— Wapi! alidakia Sadallah, aliyeitwa Redio kwa kuwa hazimiki. Zama hizi za Ujamaa atanyonya peke yake? Apange foleni duka la ushirika, chupa mkononi.

— Akifika dirishani, damu imekwisha! alisema Hija Jogoo, fundi cherehani.

— Tena kwanza aripoti kwa mjumbe wa nyumba kumi, aliendelea Redio. Mgeni njoo, mwenyeji apone!

— Apone kwa mumiani, Redio? aliuliza Hija.

— Sikiliza, bwana! Mjumbe anampa jembe. Analima mihogo mpaka yeye ndiye anaishiwa damu. Kijiji kinamhurumia, kinampa kazi zahanati, awatoe watu damu ya kupimia malaria. Si ndiyo fani yake?

Romani alicheka hadi kahawa ikamwagika.

— Hiyo hiyo! Twendeni tukapige.

Hapo Tunu, muuza vitumbua wa mtaa wa pili, aliyewasikia, akatua beseni lake.

— Shikamoo, mzee Mwinshehe.

— Marahaba, mwanangu.

— Eti huyo mumiani wenu atapita mitaani?

— Atapita, dada, alijibu Romani.

— Watu wakitoka na mawe, nani atawaambia kuwa ni mchezo?

 Mzee Mwinshehe akachochea makaa yasiyohitaji kuchochewa. Redio akakodolea macho mashapo ya kahawa kikombeni mwake.

— Tuache tu, Romani, alisema Hija. Watu hawa watakuua kweli.

— Hatuachi.

Romani alimkabidhi Hija kamera, akakipachika kinyago kwapani, uso wake mwenyewe wazi juani, akaiendea nyumba ya kwanza.

— Hodi wenyewe! Mie Romani, mchonga vinyago. Alasiri nitapita hapa nimevaa hiki. Nawaombeni mnicheke.

Ndani, komeo likasikika likisukumwa kuufunga mlango.

Akabisha tena.