Dakika Sita za Mama

Ndugu waombolezaji, kwa niaba ya familia nawasomea maisha ya kaka yetu mkubwa, mwongozaji na mwandishi wa filamu, ambaye wengi wenu mlimjua kwa jina la Mkasi.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 Machi 1951 katika nyumba za wafanyakazi wa reli, mtoto wa kwanza kati ya wanne wa baba fundi wa mabehewa na mama mshonaji, ambaye mama huyo mwenyewe alivushwa mpaka wa nchi akiwa mtoto wa mgongoni. Alisoma shule ya msingi kuanzia 1958 hadi 1964, akamaliza sekondari 1970, na Januari 1971 akaajiriwa katika idara ya filamu, akikata na kuunga mikanda ya sherehe za kitaifa, ndipo wenzake wakambandika jina la Mkasi, likamganda hadi wakubwa wake wakasahau lake halisi.

Tarehe 5 Agosti 1978 alifunga ndoa na wifi yetu, mwalimu wa hesabu, wakajaliwa mabinti wawili na mvulana mmoja.

Mwaka 1987 alipiga filamu iliyouliza ni nani hasa mwananchi, na ndani yake mama yetu, ambaye alikuwa amenyimwa kitambulisho mara nne, alikaa mbele ya dirisha la karani akaeleza kwa dakika sita jinsi alivyoulizwa kaburi la bibi yake liko wapi. Bodi ya ukaguzi ilisema mama yule si wa hapa, kipande chake kitoke au filamu nzima ibaki kabatini, na Jumanne tarehe 9 Februari 1988 marehemu alikikata kwa mkono wake mwenyewe, kikachomwa moto mbele yake, na nyumbani hakumwambia mtu.

Mama alijishonea gauni, akaalika majirani saba, na Jumamosi tarehe 19 Machi, filamu ilipozinduliwa, wakaketi safu ya tatu ya ukumbi wa sinema. Watu walilia, wakapiga makofi, taa zikawashwa, naye akabaki kitini akimngoja mwanawe.

"Mimi nimepita saa ngapi?" akamuuliza.

"Nilikukata, mama. Bila hivyo isingetoka."

Mama aligeuka akawaambia majirani kwamba usingizi ulimchukua, kipande chake kikampita, wakacheka naye hadi mlangoni.

Filamu ile ilimpa marehemu tuzo na jina, lakini mama hakukanyaga tena ukumbi wa sinema, na alifariki tarehe 2 Juni 1993 bila kitambulisho. Tangu hapo kaka aliandika miswada minne, yote ikiwa na mwanamke mbele ya dirisha la karani, na yote akaiacha njiani, kwa kuwa kila mwigizaji aliyejaribu maneno yale aliyasema vizuri kupita kiasi. Kuanzia 1996 hadi 2011 alifundisha uongozaji chuoni, mkali kama pilipili, na mwanafunzi aliyemsifia ile filamu alitolewa nje ya darasa.

Machi 2014 sauti yake ilianza kukwaruza, ikagundulika ni saratani ya koo, akafanyiwa upasuaji uliomwondolea sauti kabisa, akawa anasema nasi kwa daftari. Siku tisa kabla ya kufariki alinipa karatasi ya historia hii, nami nikamwomba turuke habari za mama, kwa heshima yake. Alichukua kalamu akaandika, "Soma na ya mama. Usikate." Alifariki Jumatano tarehe 2 Novemba 2016, saa nne asubuhi, wifi akiwa amemshika mkono.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya saratani, majirani waliotupikia na kutufulia wiki zote hizi, walimu wenzake na wanafunzi wake, wakiwemo aliowafukuza darasani, ambao leo wamebeba jeneza.

Lala salama, kaka. Nimesoma yote.