Naomba Shahidi Aeleze: Maisha ya Dalmas Odero Ogola, Mkalimani wa Mahakama

Mchungaji, Mama Peres Apondi, mjane wetu Ajwang na watoto, wazee mliofika jana kutoka nyumbani, wafanyakazi wa mahakama, majirani wa Kangemi na nyote mlioziacha shughuli zenu za Ijumaa hii, familia imenituma mimi, Oloo, mdogo wake marehemu, niwasomee maisha ya ndugu yetu kabla hatujaanza safari ya kumpeleka Ugenya jioni, na mtanivumilia nikisoma polepole, kwa maana kuna mtu hapa mbele anayehitaji nafasi kati ya sentensi moja na nyingine.

Dalmas Odero Ogola alizaliwa tarehe 9 Agosti 1950 huko Ugenya, Siaya, mtoto wa kwanza wa marehemu Mzee Ogola na Mama Peres Apondi, na kwa kuwa baba alikuwa mpishi Nairobi na alionekana nyumbani mwezi wa Desemba tu, Dalmas alikua akizungumza na mama yake kuliko mtu mwingine yeyote, na Mama anasema mtoto huyu alichelewa kusema, na alipoanza alisema kwanza yale aliyoyasikia kwa wengine, akiyaleta jikoni jinsi yalivyo, matusi na yote.

Alianza masomo katika shule ya kijiji mwaka wa 1957, na Januari 1964 baba akamleta Nairobi, katika nyumba za wafanyakazi nyuma ya boma moja kule Kitisuru, ambalo lilikuwa limenunuliwa na mfanyabiashara aitwaye Bwana Shiraz, na humo jikoni, akimenya viazi na kusubiri kitabu cha shule kikauke, maana paa lilivuja, alijifunza Kiingereza cha redio, Kigujarati cha bibi wa nyumba na Kikuyu cha mtunza bustani, akamaliza kidato cha nne mwaka wa 1970 kwa masomo ya jioni.

Aliajiriwa kama tarishi katika mahakama moja ya jiji mwaka wa 1971, na tarehe 3 Mei 1976 akaapishwa kuwa mkalimani, kazi aliyoifanya hadi mwili ulipomkatalia. Wasioijua kazi hiyo waelewe kwamba mkalimani hana maneno yake, shahidi akisema "mimi nilimpiga," mkalimani naye husema "mimi nilimpiga," hasemi "anasema alimpiga," na shahidi akitukana yeye hutukana, akilia haongezi machozi, akisema uongo mkalimani huupitisha uongo ule mzima mzima bila kuukunja, na Dalmas aliamini kwamba hiyo ndiyo heshima kubwa ambayo mtu anaweza kumpa mwenzake.

Alimwoa Ajwang kwa taratibu zote za kimila mwaka wa 1978, wakafunga ndoa kanisani tarehe 8 Desemba 1979, wakapanga nyumba hapa Kangemi ambayo hawakuihama tena, naye Ajwang akafungua saluni ya kusuka nywele pale Kenyatta Market, ambako Dalmas alipenda kumpitia Jumamosi, akae kwenye kibao katikati ya wanawake, ajifanye anasoma gazeti huku akisikiliza. Mungu aliwajalia watoto watatu, Adongo aliyezaliwa 1980, Awino 1983 na Ogola mdogo 1987.

Mwaka wa 1986 ilikuja mbele yake kesi ambayo familia imeona haiwezi kuiruka. Mama mmoja mjane wa Kawangware alikuwa amepigwa na shemeji zake, nao walipoulizwa sababu wakasema kwa Dholuo kwamba ameleta chira nyumbani. Hakimu, ambaye alikuwa na mafaili mengi ya asubuhi ile, akamwambia, "Karani, sema ni laana ama ni ugonjwa, tuendelee." Dalmas akasimama, akasema, "Mheshimiwa, neno hili nikilipa jina moja nitakuwa nimeshamhukumu mtu. Naomba shahidi aeleze." Hakimu akakunja uso, kisha akaweka kalamu chini, na shahidi akaeleza mpaka saa ya chakula, kwamba chira ni kukonda kunakompata mtu pale mwiko wa ukoo unapovunjwa, na kwamba anayeumwa si lazima awe ndiye aliyevunja. Tangu siku hiyo, matarishi na makarani wakamwita Aeleze, na hata mahabusu wakishuka kwenye gari walikuwa wakiuliza, "Aeleze yuko leo?"

Neno lile halikumwacha. Mchana, wakila mahindi ya kuchoma kwenye ngazi za nyuma, aliwauliza wenzake, na Bwana Ephantus, aliyekuwa akitafsiri Kikuyu, akacheka akasema, "Odero, wewe unauliza chira? Kwetu chira maana yake ni kesi, ndiyo hii yenyewe. Bila chira, mimi na wewe tungekula nini?" Mzee Harbhajan wa Ngara, mkalimani wa Kipunjabi, ambaye nimemwona ameketi pale nyuma na kilemba chake cheupe, akamweleza kwamba kwao chira ni mkato, pale daktari anapopasua ngozi kwa kisu, tena babu zake waliita hivyo hivyo aina fulani ya kilemba, na katika lugha ya zamani ya vitabu vya dini, chira ni muda mrefu, ndiyo maana mtoto hubarikiwa kwa kuambiwa aishi chira. Dalmas akaenda maktaba ya jiji, akafungua vitabu vya wanyama, akakuta kwamba wataalamu wameliita hivyo kabila zima la buibui warukao wa Amerika Kusini, na katika ramani akakuta mto wa jina hilo kule Peru. Alirudi nyumbani akiwa na furaha ya mtoto, akamwambia Ajwang, "Mama Adongo, kuna buibui huko anaitwa chira, na hana habari!" Ajwang akamjibu, "Basi mwache asijue, atalala vizuri."

Alikuwa akisema kwamba maneno hayo hayakuzaliwa na mama mmoja, yamekutana sauti tu, kama watu wenye jina moja katika foleni ya benki, na kwamba mtu akiitwa akasimama mwingine, hilo si kosa la jina, ni la anayeita bila kutazama nyuso.

Tarehe 17 Februari 1991 baba yetu, Mzee Ogola, alifariki, tukamzika Ugenya, na Ajwang akarudi Nairobi kabla siku za matanga hazijaisha, kwa sababu Awino alikuwa amelazwa na homa ya mapafu na hakukuwa na mtu wa kulala naye hospitalini. Tunalitaja jambo hili kwa sababu wengi wenu mmelisikia likitajwa kwa njia nyingine.

Ugonjwa wa marehemu ulianza Agosti 1992 kwa mkanda wa jeshi upande wa kushoto, ukafuata kikohozi, na kufikia Pasaka ya 1993 koti lake la mahakamani lilikuwa likimning'inia, watu wakaanza kuhesabu nyuma, wakafika kwenye matanga ya Mzee, na neno likatoka nyumbani likaja Nairobi kwamba Dalmas ana chira, na kwamba iliyoileta ni miguu ya mkewe. Wateja wa saluni wakapungua. Wapo ndugu waliokuja kumwona mgonjwa wakakataa chai. Hatuwataji, kwa sababu marehemu hakuwataja, na kwa sababu walioogopa hawakuwa wabaya, walikuwa wameogopa.

Oktoba 1994 alipolazwa, Mama aliletwa kutoka nyumbani na baba yetu mdogo, Mzee Were, ambaye yuko nasi, naye amekubali haya yasomwe. Daktari Manjula alifika kitandani mchana, akitaka kuwaeleza jamaa hali ya mgonjwa, na kwa kuwa Mama hasikii Kiswahili, Mzee Were akajitolea kutafsiri. Dalmas akainua mkono. "Hapana, Baba. Wewe ni upande mmoja wa kesi." Mzee Were akamjibu, "Na wewe je? Si ndiwe kesi yenyewe?" Dalmas akacheka mpaka akakohoa, kisha akasema, "Lakini mimi niliapishwa."

Akaomba ainuliwe, akaketi, akafunga kifungo cha shingoni. Daktari akasema, "Mama, mwanao ana UKIMWI. Dawa ya kumponya hatuna." Na Dalmas akamgeukia mama yake akamwambia kwa Dholuo, kwa sauti ile ile ya mahakamani, kwamba mwanao ana UKIMWI na dawa ya kumponya hatuna, akasema "mwanao," hakusema "mimi," akasema "hatuna," hakusema "hawana." Mama akauliza, akimtazama daktari wala si mwanawe, "Ni nani alimletea?" na Dalmas akalipeleka swali hilo kama lilivyo. Daktari akasema, "Kipimo kinasema kama ugonjwa upo, Mama. Hakisemi ulitoka kwa nani. Hakimtaji mke wala mume." Hilo nalo Dalmas akalileta.

Ndipo Mzee Were akasema, "Daktari, kwetu hii ni chira," na daktari akamtazama Dalmas, akauliza maana yake, na Dalmas akajibu, "Daktari, naomba shahidi aeleze." Akaegemea mto. Mzee Were akaeleza kwa Dholuo, ili Mama naye asikie, habari ya matanga, na mwiko, na mke aliyeondoka mapema, na Dalmas akalitafsiri kila neno la mashtaka yale dhidi ya mke wake mwenyewe, bila kupunguza, bila kulainisha, Ajwang akiwa amesimama miguuni pa kitanda na chupa ya uji mkononi. Yeyote aliyekuwa pale anajua kwamba hatukumwona akifanya kazi ngumu kuliko ile.

Daktari alisikiliza mpaka mwisho, akasema, "Mzee, nimekusikia, na siwezi kukufundisha mambo ya kwenu. Ila nina wagonjwa kule Ngara ambao neno hilo kwao ni mkato wa kisu tu. Hawana mwiko huo, na hawakumzika kaka yako. Wanakonda hivi hivi, na wanakufa hivi hivi." Dalmas akalifikisha. Mzee Were akavua kofia, akaishika magotini. Mama ndiye aliyefunga mazungumzo, akasema, "Mwambie daktari nimesikia. Mwambie pia kwamba mkalimani wake ni mzuri." Na hapo ndipo, kwa mara ya pekee, Dalmas alishindwa kutafsiri, Ajwang akamalizia.

Alirudi nyumbani mwezi wa Desemba, akakaa nasi Krismasi, akawafundisha watoto nyimbo za Kigujarati za jikoni kule Kitisuru, na tarehe 14 Machi 1995, Jumanne, saa nne asubuhi, akafariki nyumbani Kangemi, Ajwang akiwa amemshika, akiwa na umri wa miaka arobaini na minne.

Jumapili iliyopita familia ilikutana kuandika historia hii, na palipofika pa ugonjwa tukakwama. Wapo waliotaka tuseme aliugua kwa muda mrefu, kama tunavyosema siku hizi katika kila mazishi, na Harbhajan angetuambia kwamba kwa hilo pia tungekuwa tumesema chira. Wapo waliotaka neno la nyumbani, wakijua fika kwamba likisomwa hapa, mjane atasimama kwenye kaburi la mume wake kama mshtakiwa, na huenda asiruhusiwe kurudi katika boma lile na watoto. Ajwang akaulizwa, kwa maana jina la ugonjwa lililotolewa hospitalini nalo likisomwa litamfuata yeye mpaka sokoni, akasema, "Wateja walishahama. Someni." Kisha tukamgeukia Mama. Akasema, "Mwanangu aliniambia mwenyewe kwa kinywa chake. Isomwe kama alivyoniambia." Kwa hiyo tunasoma kwamba Dalmas Odero Ogola alikufa kwa UKIMWI, na kwamba hakuna aliyehukumiwa.

Familia inamshukuru Daktari Manjula na wauguzi waliomgeuza kitandani bila kushika pua, inawashukuru majirani wa Kangemi ambao hawakukataa chai, na wanawake wa Kenyatta Market waliofunga vibanda vyao leo, inawashukuru Bwana Ephantus, Mzee Harbhajan na makarani wote waliosimama kimya kwenye ngazi zile Jumatano asubuhi, inamshukuru Mzee Were kwa kukubali kusikia akitajwa mbele ya watu.

Mtakuwa mmeona kwamba Mama alikataa kukaa na wazee, akataka kiti cha mjane kiwekwe karibu na chake, na tangu nianze kusoma mtu anamnong'oneza sikioni. Mlioketi nyuma na hamjui anaambiwa nini, ni maneno haya haya, kwa Dholuo, na anayemwambia ni Ajwang. Mimi niko karibu, ninamsikia. Ninaposema "mjane," yeye anasema "mjane." Hasemi "mimi." Nilipofika kwenye mashtaka, aliyasema yote.

Dalmas, kaka yetu, umewasemea watu wengi, wakweli na waongo, bila kujisemea. Kiti chako kimepata mtu. Nyamaza sasa, upumzike.