Ufa Chini ya Rangi

Mwaka wa tisini na moja, nikiwa na miaka thelathini na sita, nilianguka kutoka juu ya paa la godauni, na tangu siku hiyo miguu yangu hainisikii. Shule niliacha darasa la tatu, kwa hivyo hapa kanisani nitasema mambo jinsi yalivyokuwa, bila kuyapamba. Nilikuwa fundi wa weldi. Si fundi wa kubahatisha. Watu wa mtaa wetu wa Dandora walijua nikiunganisha chuma hakiachani, na kama hawakujua niliwaambia mwenyewe, hata bila kuulizwa.

Waliponiuliza nilianguka vipi, niliwajibu kwamba mbao za kusimamia zilivunjika. Huo ulikuwa uongo, na leo mtausikia ukitoka.

Kutoka hospitali nilirudishwa kwenye chumba chetu, ploti ya vyumba kumi na viwili, bomba moja, choo kimoja. Mke wangu alikuwa akienda soko la Gikomba kuuza mitumba, na akifunga mlango mimi nabaki na woga. Ndugu zangu, nawaambia nyinyi wenye miguu mizima, hamjui kuogopa jiko la mafuta. Jirani akiwasha stovu upande wa pili wa mabati, mimi napima kwa macho kutoka kitandani hadi mlangoni. Moto ukishika, nitafika? Nikajizoeza kutokunywa maji asubuhi ili nisihitaji choo. Nikizidiwa, akina mama wa ploti walinibeba. Mmoja alikuwa akisema, "Mzee, hata mimi siku ya harusi yangu sikubebwa hivi." Walicheka, na mimi nikacheka, halafu nikirudi kitandani nalia.

Nilikaa hivyo miaka miwili. Kisha akaja mshona viatu wa mtaa wetu, ambaye polio ilimshika miguu akiwa mtoto. Nilidhani anakuja kuniombea, maana kila aliyeingia aliniombea. Yeye akasema, "Sikuja na Biblia, fundi. Nataka unitengenezee kiti cha mbio."

Nilikuwa sijawahi kuona kitu kama hicho. Akanichorea kwa chaki sakafuni. Magurudumu matatu, mawili makubwa nyuma yamelala kidogo kwa ndani, moja dogo mbele kwenye ncha ya bomba refu. Unakaa chini, magoti yamekunjwa, unasukuma kwa kupiga duara za chuma zilizo kando ya magurudumu, mikono ikiwa na glavu. Glavu alizishona mwenyewe kwa ngozi na mpira wa tyubu. Nikatengeneza kiti hicho nikiwa nimekaa kwenye gunia, kwa mashine ya kuazima. Baadaye nikatengeneza changu, nikaanza mazoezi naye kila Jumapili alfajiri, kabla malori ya taka hayajajaa barabarani.

Tukaanza kushindana na wengine, na nilishinda. Siwezi kusema uongo kanisani. Mikono ya fundi ina nguvu, na kufikia mwaka wa tisini na tano watu walikuwa wakinipigia makofi hadi mtaa wa Kayole. Lakini nilichowaficha ni mteremko. Pale barabara ya Kangundo inaposhuka kwenda mtoni upande wa Njiru, kiti kinakimbia peke yake. Lami iko karibu na uso wako, upepo unakutoa machozi, na chini yako hakuna kitu ila bomba na weldi. Wenzangu waliinamisha vichwa wakaachilia. Mimi nilibana magurudumu kwa glavu mpaka zikatoa moshi, halafu kwenye mlima nikawakimbiza na kuwapita. Wakasema ni mbinu yangu. Haikuwa mbinu. Ilikuwa ni woga, kwa sababu mimi nilijua kilichoniangusha kule godauni.

Mwaka wa tisini na sita tukaitwa kwenye mchujo wa timu ya kwenda ng'ambo. Mbio zenyewe zilikuwa za barabara hiyohiyo, kushuka mpaka mtoni na kurudi. Tulikuwa wanne wa mtaa wetu, mimi, mshona viatu na wengine wawili, na viti vyote vinne nilikuwa nimevitengeneza upya katika wiki moja, kwa bomba moja refu la maji nililotoa kwa wauza vyuma vikuukuu. Nilipokuwa nikilikata niliona kutu imelila kwa ndani. Nikajiambia weldi yangu italishika.

Siku tatu kabla ya mchujo, nikisafisha kiti changu, nikaona ufa. Mwembamba kama unywele, pale shingoni bomba la mbele linapoungana na fremu. Fundi yeyote anajua dawa yake: kata, tupa bomba, anza upya. Lakini nikikata changu, lazima niseme vile vingine vitatu navyo vikatwe, na muda haukuwepo. Na watu wangesema weldi yangu imeachia. Hilo la mwisho ndilo lililoniuma zaidi. Basi nikafanya kile mafundi wetu hufanya mteja akiwa na haraka. Nikaziba kwa puti, ule mkorogo wa kufukia nyufa, nikapiga msasa, nikapaka rangi ya silva. Kiti kikang'aa. Mke wangu akaniuliza mbona sili. Nikamwambia ni mawazo ya mbio.

Siku ikafika. Tumejipanga kwenye mstari, mshona viatu yuko kulia kwangu, anakaza glavu kwa meno. Mwenye bastola ya kuanzisha mbio ameshapanda kwenye kreti. Mshona viatu akaniegemea akasema, "Fundi, leo sishiki breki mimi. Nimekaa juu ya weldi yako."

Ndugu zangu, niliona damu yake barabarani kabla haijamwagika. Nikasukuma kiti changu mbele ya mstari, nikakigeuza, nikawazuia njia. Mwenye bastola akaniuliza nina wazimu gani. Nikasema, "Kiti changu kina ufa na nimeupaka rangi. Hivi vitatu ni bomba hilohilo. Msiteremke." Na kwa kuwa mdomo ulikuwa umeshafunguka, nikaendelea. "Kule godauni sikuangushwa na mbao. Nilisimama juu ya weldi yangu ikaachia."

Kocha wa timu, aliyekuwa akisimamia mchujo, akakwaruza rangi kwa ufunguo. Changu kilikuwa na ufa umezunguka nusu ya bomba. Kwenye cha mshona viatu ufa ulikuwa umeanza, palepale. Kwenye viwili vilivyobaki hatukuona kitu, lakini kocha alikataa wapande. Mbio zikaenda bila sisi wanne. Kati yetu hakuna aliyesafiri.

Mshona viatu hakunisalimia miezi miwili. Watoto wa mtaa waliniita Mzee Puti. Nilistahili. Kisha siku moja akaburuta kiti chake mpaka kwangu, akasema, "Kata hilo bomba. Na leo nakaa hapa nikikuangalia." Akakaa mpaka nikamaliza. Nilipochukua brashi akaninyang'anya, akaondoka na kiti bila rangi.

Tangu siku hiyo sijawahi kupaka rangi kiti cha mtu. Nakupa chuma kitupu, unapitisha kidole kila kiungo, ukiridhika unakipaka rangi mwenyewe nyumbani.

Nawashukuru akina mama wa ile ploti, walionibeba na kunicheka. Namshukuru mke wangu, ambaye niliwahi kumdanganya juu ya godauni na bado alinipikia. Namshukuru kocha na ufunguo wake. Mshona viatu simshukuru hapa, amekaa kiti cha nyuma na ataringa. Funzo langu ni fupi: kama kuna mtu amekaa juu ya kazi yako, mwambie ufa ulipo kabla hajaanza kuteremka, hata kama utaitwa jina baya.

Leo nina kibanda cha weldi chenye mashine mbili. Nina nyumba ya mawe Njiru, vyumba vitatu, haina ngazi hata moja, na milango miwili ya kutokea. Nina medali mbili za shaba, zote za mbio za baada ya hapo. Nina kiti kimoja cha kutembelea na kimoja cha mbio. Mteremko bado unanitisha, na nikiulizwa nasema.