Fungu la Malaika: Maisha ya Mzee Léonce Nzeyimana, 1950–2015

Ndugu, majirani, na ninyi wote mliofunga saluni na maduka Jumamosi ya leo, tarehe 20 Juni, ili kumsindikiza Mzee Léonce, asanteni. Familia imenipa kazi hii mimi Josias, mdogo wa mjane wake, kwa kuwa shemeji ni mtani, na mtani ana ruhusa ya kucheka hata mbele ya jeneza. Marehemu mwenyewe asingetusamehe kama tungelia tu.

Alizaliwa tarehe 3 Septemba 1950 huko Rutovu, mkoani Bururi, nchini Burundi, mtoto wa nne katika nyumba ya wafugaji. Bibi yake alikuwa akitunza samli ya ng'ombe kwenye kibuyu mwaka mzima, mpaka ikapata harufu ambayo wageni waliikimbia na wenyeji waliililia. Marehemu alipenda kusema kwamba pua yake ilianza masomo kwenye kibuyu kile kabla macho yake hayajaona ubao. Ikumbukeni samli hiyo, tutairudia.

Shule ya msingi aliisoma Rutovu na sekondari Bururi. Mwaka 1972, nchi ilipoharibika, alivuka hadi Uvira, Kongo, akiwa na shati alilovaa. Padre mmoja alimtafutia nafasi ya kusomea kilimo Ufaransa, naye akaondoka mwaka 1974 kwenda Angoulême. Likizo ya 1976 aliomba kibarua cha kuvuna zabibu kwa mzee mmoja karibu na mji wa Cognac. Mavuno yakaisha, wenzake wakaondoka, yeye akabaki. Alifanya kazi kwenye ghala la mzee yule miaka tisa.

Kazi yenyewe, ya kutengeneza pombe kali iitwayo konyaki, alitueleza mara nyingi, hasa chakula kilipochelewa. Zabibu zile ni nyeupe na zina ukali, na mvinyo wake haufai kupewa hata mgeni usiyempenda. Hupikwa mara mbili kwenye vyungu vya shaba, mvuke ukapoa na kuwa matone. Matone ya mwanzo yanaunguza pua, ya mwisho yananuka kama nguo iliyokosa jua, hivyo yote mawili huwekwa kando na kuchukuliwa ya katikati tu, wenyewe wanayaita moyo. Moyo huo ni mweupe kama maji. Hutiwa kwenye pipa la mwaloni lililobabuliwa kwa moto kwa ndani, na hapo ndipo mti unapoanza kuufundisha: kwanza rangi na vanila, baadaye matunda makavu, ganda la chungwa, mdalasini, ngozi. Konyaki ikizeeka kabisa inaleta harufu ya njugu na uyoga kwa pamoja, ambayo watu wengi hufa hawajaijua. Siku marehemu alipoinusa mara ya kwanza alimwambia bosi wake, "Lakini hii ni samli ya bibi yangu!" Yule mzee alicheka sana, na tangu hapo hakufungua pipa la zamani bila kumwita.

Mwaka 1985 alirudi Uvira, akamwona dada yangu Gloriose, binti wa wokovu ambaye hajawahi kuonja hata pombe ya ndizi. Baba yetu alimuuliza kijana kazi yake. Akajibu bila kupepesa macho, "Nilikuwa natunza pombe ya Wazungu mpaka izeeke." Jibu hilo lilichelewesha harusi karibu mwaka mzima. Walifunga ndoa tarehe 19 Julai 1986, na Mungu akawapa Odette mwaka 1988 na Cédric mwaka 1991.

Vita vya 1996 viliwatoa Uvira, na mwaka 1998 familia ikafika Durban. Marehemu alianza kwa kulinda magari kule baharini. Mwaka 2003 alipata kazi mtaa wa viwanda wa Jacobs, kwenye karakana ya kutengeneza paleti, zile fremu za mbao za kupangia mizigo, ambako wenzake walimwita Baba Mbao kwa sababu alinusa kila ubao kabla ya kuupiga msumari. Jumapili alikuwa shemasi, na sauti yake ya besi ndiyo iliyoishikilia kwaya yetu isianguke.

Mwaka 2008 yule mzee wa Ufaransa alifariki, akiwa ameacha pipa dogo la konyaki kwa jina la Léonce. Binti yake alilituma kwa meli. Lilitoka bandarini, likapanda lifti ya jengo lao pale mjini, likapewa kona kando ya friji. Dada alilipokea kwa shingo upande, kwa sharti kwamba lisinywewe. Marehemu naye akaapa kuwa hatatia ulimi mpaka Gloriose mwenyewe aseme limekomaa.

Sasa dada yangu, mimi ninayemjua tangu utoto, si mtu wa kuamini kiapo bila kipimo. Alichomeka mpini wa mwiko kwenye tundu la juu la pipa, na pale ulipolowa akachonga alama kwa kisu. Krismasi ya 2009 akapima tena. Mpini ulilowa chini ya alama.

"Baba Odette, hii kitu iko napunguka. Nani anakunywa?"

"Bamalaika, Mama Odette."

"Eish! Usinichezee."

"Ni kweli. Inapita mu mbao, inaenda mu hewa. Kule banaita fungu ya bamalaika. Kila pipa inalipaka, kama kodi."

Dada alilipeleka jambo hili kwa wazee wa kanisa. Tusilichukulie kama mchezo. Kanisani kwetu shemasi anayekunywa kwa siri huvuliwa ushemasi mbele ya watu wote, na zaidi ya hapo, dada alianza kujiuliza kama ameishi na mwongo miaka yote ile. Marehemu alikonda. Aliketi na kwaya lakini hakuimba. Mzee Athanase, mkuu wa wazee, alisikiliza pande zote mbili, akakohoa, akasema, "Ndugu Léonce, bamalaika ya Mungu habakunywake konyaki." Akaamua pipa likakae kwenye gereji yake Queensburgh mwaka mzima, tundu lizibwe kwa nta, na ufunguo ulale mfukoni mwake.

Januari 2011 tulikwenda wote kulifungua. Nta ilikuwa nzima. Dada akachomeka mwiko wake, akautoa, akautazama, akaunyoosha juu ili kila mtu aone. Unyevu ulikuwa umeshuka zaidi ya mara ya kwanza, maana gereji ile ina joto la tanuri. Taratibu macho yote yakamgeukia mwenye ufunguo. Mke wake ndiye aliyeanza: "Papa Athanase, ni weye?" Mzee wa watu akatokwa jasho.

Hapo marehemu angeweza kulipiza, na mimi ningemsaidia. Badala yake alisimama mbele ya Mzee Athanase, akasema, "Musimuangalie hivyo. Mzee hakunywa, na miye sikunywa. Muone nta. Hii ni bamalaika ya Queensburgh, njaa yabo inapita ya ba town!" Dada alicheka mpaka akakaa kwenye tairi kuukuu. Kisha aliinuka, akamwomba mumewe msamaha mbele yetu sote. Jumapili iliyofuata besi ilirudi. Mwiko ule mpaka leo unasonga ugali nyumbani kwao.

Mwaka 2013 madaktari waliona uvimbe nyuma ya pua yake. Matibabu yalimwongezea miaka miwili, lakini yalimnyang'anya harufu zote, na sisi tuliomjua tulilia siku ile kuliko hata leo. Basi dada yangu akawa pua yake. Kila Jumapili baada ya ibada alifungua tundu la pipa, akainama, akanusa, na marehemu akauliza kutoka kitini, "Leo iko nini?" Dada akamjibu, "Ganda ya chungwa. Na viatu vya Mzee Athanase, vile vya Pasaka." Marehemu akafurahi: "Ile ni ngozi. Inakuja, inakuja."

Jumapili ya tarehe 7 Juni mwaka huu dada alinusa. Akanusa tena. "Baba Odette, leo iko uyoga, na njugu, na ile samli yenu ya kule Rutovu." Marehemu alipiga makofi kama mtoto. "Basi imekomaa," dada akasema, na kiapo kikaisha hapo. Marehemu akaagiza konyaki itolewe kwenye mti na kutiwa kwenye chupa, kwa kuwa kwenye kioo haizeeki tena wala haipungui. Cédric aliifanya kazi hiyo Jumatatu jioni. Marehemu alipanga kuonja Jumapili inayofuata, baada ya ibada. Jumanne tarehe 9, saa nne asubuhi, Mzee Léonce alifariki kitini mwake, bila maumivu.

Ameacha mjane, Gloriose, watoto wawili, Odette na Cédric, mkwe, Jacques, mjukuu mmoja, Mireille, dada yake Libérate aliyeko Bujumbura, na shemeji mmoja asiyejua kunyamaza.

Baada ya maziko tutakutana ukumbini. Kwa desturi ya kwao marehemu, mwenyeji huonja kwanza ili wageni wajue kinywaji ni salama. Dada amempa kazi hiyo Mzee Athanase, ili safari hii anywe tukimwona. Mchungaji ameomba nitangaze kwamba kanisa halihusiki. Yeye atapita saa kumi, kusalimia tu.

Dada yangu hanywi. Glasi yake itamiminwa kama za wengine, kisha itawekwa dirishani. Anasema kwenye chupa malaika hawapati kitu, na sasa kule juu yupo mmoja aliyengoja miaka saba bila kuonja. Apumzike kwa amani Baba Odette wetu, na glasi ile, tafadhalini, asije mtu akaifunika.