Mkurugenzi, Ufunguo wa Soko Bado Unao

Mheshimiwa Mkuu wa Wilaya, Mkurugenzi wetu Bwana Sedekia unayestaafu leo, mama yetu mke wake, wachungaji, ndugu wageni waalikwa, na nyie wenzangu wa viazi mliosimama nyuma maana viti vimeishia kwa wenye tai: habari za mchana.

Mimi ni Asukile. Shule niliishia la nne, nikikosea mnisamehe, nikipatia mpige makofi.

Bwana Sedekia ni mtu wa kazi. Alisema lumbesa basi, gunia lisizidi mdomo. Gunia langu lilikuwa limefunga kilemba kama mama wa harusi. Siku hiyohiyo nikalivua. Nilibisha? Serikali imesema.

Akasema soko la Isanganyi lifungwe. Tukatoka, tukawa tunauzia barabarani, malori yanatupitia kwenye vidole. Tukaenda Mahakama Kuu. Jaji akasema soko lifunguliwe, watu wauze mpaka kesi iishe. Tukacheza pale nje, mwenzetu Mama Tumpe akachinja kuku. Tulidhani jaji akisema, kufuli nalo linasikia.

Mama Tumpe akapeleka amri kwa mlinzi, Zabron. Zabron kaisoma yote, kasema, "Shikamoo mama. Karatasi nzuri hii, ina mihuri. Ila mimi bosi wangu ndiye aliyefunga."

Na Mkurugenzi kila tukienda: "Naifanyia kazi." Jamani, kufuli linafanyiwa kazi gani zaidi ya kulifungua? Mimi kwenye lumbesa ningesema naifanyia kazi, si ningelala ndani?

Sasa leo unaondoka, mzee wangu, na mimi siwezi kutulia. Jumatatu atakuja mwingine, tutamwonyesha amri, atasema nimekuta limefungwa. Wakili wetu, dada Faustina, ameshapeleka shauri la kudharau mahakama, na jina lililoandikwa ni lako, siyo la kiti unachokiacha. Tukufuate mpaka kwako Igowole, tukukute unachuma chai yako, tukupe wito wa mahakama? Ndivyo anavyofanyiwa mtu tuliyemnunulia blanketi la kumuaga?

Kwa hiyo blanketi sikuvishi bado. Soko liko hapo kwenye kona, matarumbeta yapo, mvua haijaanza. Tukusindikize ukafungue, tukuvishe palepale, uende nyumbani ukapumzike kweli.

Nimemaliza, asanteni kwa kunivumilia. MC, kipaza sauti usimpe mtu mwingine kwanza. Tunamsubiri mzee asimame.